Yule wa Nyuma ya Gurudumu

Jana usiku mjukuu wa dada yangu alinikuta naitazama filamu ya Casablanca kwa mara ambayo siihesabu tena. Akaketi, simu mkononi, kisha akaniuliza: "Babu, mbona unamkodolea macho yule, wakati steringi yuko pale?"

Yule ni mchezesha kamari, kibwana kifupi kilichosimama nyuma ya gurudumu la ruleti. Rick, mwenye klabu, anamtupia jicho tu, namba 22 inatoka, inatoka tena, na mume na mke vijana kutoka Bulgaria wanapata pesa za kujiokoa. Mchezesha kamari hapepesi. Baadaye mkuu wa polisi anaifunga klabu, eti amestaajabu kugundua kuna kamari humo, na kibwana huyohuyo anamjia kwa adabu zote kumkabidhi pesa alizoshinda. Hiyo ndiyo karibu kazi yake yote katika filamu ile. Siku hizi mwigizaji akipewa sentensi mbili huzinadi kama muuza mitumba.

Mwenyewe ni Marcel Dalio, aliyezaliwa Paris mwaka 1899 kwa wahamiaji wa Kiyahudi kutoka Romania. Jina la nyumbani ni Blauschild. Alijifunza kazi jukwaani, kwenye maonyesho ya vichekesho na nyimbo ya miaka ya 1920, mbele ya watu waliolipa kiingilio na wasio na subira. Kisha mwongozaji filamu Jean Renoir akamwona. Mwaka 1937 akamfanya Rosenthal katika La Grande Illusion, mfungwa wa vita anayewagawia wenzake vyakula anavyotumiwa na jamaa zake matajiri.

Lakini mimi nabaki na mwaka 1939, na filamu ya La Règle du jeu. Humo Dalio ni marikizi, kabaila anayekusanya vinanda na midoli ya mitambo. Usiku wa karamu anawaonyesha wageni kinanda kikubwa kuliko vyote alivyowahi kununua. Kinawaka taa, kinajipiga chenyewe, kamera inapita taratibu juu ya vidoli vyake vya kuchonga, mpaka inamfikia mwenyewe, amesimama kando. Hasemi neno. Tabasamu linakuja, analizuia, linamponyoka. Anajivuna, na papo hapo anaona haya kwa kujivuna, kama mtoto aliyeshika nafasi ya kwanza darasani na hajui mikono aiweke wapi. Nimewahi kuisimamisha filamu hapo nikitafuta ni msuli gani unaofanya kazi hiyo. Sikuuona.

Paris iliizomea filamu ile. Wapo waliochukizwa, miongoni mwa mengine, na Myahudi kuvaa cheo cha marikizi.

Juni 1940 Wajerumani walipokaribia, alitoroka na mkewe, Madeleine Lebeau. Wakafika Lisbon, wakapanda meli. Viza zao za Chile zikagundulika kuwa za kughushi, wakakwama Mexico, ndipo wakaingia Marekani kwa pasipoti za muda za Kanada. Nyuma yao Wanazi wakaubandika uso wake kwenye mabango, kuwafundisha watu Myahudi anafananaje. Uso uleule wa kando ya kinanda! Wazazi wake waliangamia kambini. Hollywood ikampa meza ya kamari katika Casablanca. Lebeau naye yumo humo humo, ndiye Yvonne anayeimba huku machozi yakimtiririka, na machozi yale sidhani aliyatafuta mbali.

Baada ya vita Dalio alirudi Ufaransa, akaendelea kuigiza huku na kule ng'ambo, mara hakimu, mara mzee wa danguro, kila kijisehemu akikitia chumvi yake. Mwaka 1973 akawa rabi mwenyewe katika Les Aventures de Rabbi Jacob, na Ufaransa nzima ikacheka pamoja naye. Alifariki mwaka 1983.

"Anaitwa nani kwani?" kijana akauliza, simu ameiweka chini. Kabla sijajibu akawa ameirudisha filamu mwanzo, kwenye orodha ya majina ya waigizaji, anashuka nayo jina kwa jina. Nikamwacha atafute. Halimo.