Siri Si Faragha: Tunakisoma Kitabu cha Graeme Laurie

Kitabu cha Graeme Laurie kiitwacho Genetic Privacy: A Challenge to Medico-Legal Norms kilitolewa na Cambridge University Press mwaka 2002. Mwandishi ni mwanazuoni wa sheria aliyefundisha Chuo Kikuu cha Edinburgh. Ingawa kitabu hakihusu lugha, tunawapendekezea wanafunzi wa tafsiri wakisome.

Hoja yake kuu ni kwamba siri na faragha ni vitu viwili. Siri huhusu habari ambazo mgonjwa amemkabidhi daktari. Faragha ina pande mbili: habari zetu zisiwafikie wengine, na nafsi zetu zisiingiliwe. Kutokana na upande wa pili, Laurie anatetea haki ya kutojua.

Tuchukue ugonjwa wa Huntington, ambao hauna tiba ya kuuponya. Kila mtoto wa mgonjwa ana uwezekano wa asilimia 50 wa kuurithi. Je, aambiwe? Wengi watasema aulizwe kwanza. Laurie anaonyesha kasoro ya jibu hilo: anayeulizwa kama anataka kujua, tayari amekwisha kujua kwamba lipo jambo. Hapa ndipo kitabu kina nguvu.

Hata hivyo, mtoto asipoulizwa, mwingine ndiye ataamua, aghalabu daktari. Laurie anatoa vigezo: kuwepo kwa tiba, ukali wa ugonjwa, na namna mhusika anavyoweza kuipokea habari. Kigezo hiki cha mwisho kinatutia shaka, kwani daktari atakisia tu moyo wa mtu asiyemfahamu. Tena kimya nacho chaweza kudhuru. Katika kesi ya ABC, mwanamke mjamzito hakuambiwa ugonjwa wa babake. Mwaka 2020 Mahakama Kuu ya Uingereza ilikubali kwamba madaktari waweza kuwa na wajibu wa kupima maslahi ya ndugu dhidi ya siri ya mgonjwa, ingawa mwanamke huyo alishindwa kesi.

Kwetu walimu wa Kiswahili, istilahi zenyewe zina funzo. Faragha hudokeza kujitenga, kwa hiyo inaubeba vyema upande wa pili wa Laurie. Vinasaba nalo limetokana na nasaba, yaani ukoo. Tukisema "faragha ya vinasaba" tumeunganisha kujitenga na ukoo, na mvutano huo ndio anaohangaika nao Laurie. Basi anayetafsiri fomu ya ridhaa ya hospitali asiandike siri panapotakiwa faragha, maana mgonjwa atatia sahihi haki asiyoielewa.