Kumfuata Nyigu Hadi Ndani ya Tunda

Mpigapicha akisimama wima porini, anarekodi dunia ya mtu aliyesimama wima: mgongo wa tembo, vilele vya miti, nyika hadi upeo wa macho. Mark Deeble na Victoria Stone, watengenezaji filamu Waingereza waliopiga kambi miaka mingi nchini Kenya, wamejenga ufundi wao kwa kushuka kutoka kimo hicho.

Filamu yao ya mwaka 2005, The Queen of Trees, inahusu mkuyu na nyigu anayeuchavusha, mdudu anayeweza kupenya tundu la sindano. Tunda changa la mkuyu lina kitundu kimoja kilichozibwa kwa magamba. Jike hujipenyeza kichwa mbele, na magamba yanamkwanyua mbawa. Hatatoka tena. Ndani kumejaa maua; anayapaka chavua aliyokuja nayo, anataga, anakufa. Majuma kadhaa baadaye madume huanguliwa kwanza, hawana mbawa, na kazi yao ya mwisho ni kutoboa ukuta ili majike watoke na chavua kuutafuta mkuyu mwingine. Safari hii mtazamaji anaifuata akiwa ndani ya tunda.

Anayejua kamera anajua ugumu wake. Kadiri lenzi inavyomkaribia mdudu, ndivyo sehemu inayoonekana wazi inavyokuwa nyembamba. Mtikisiko mdogo tu, picha imeharibika. Ukizidisha taa upate mwanga, joto lake laweza kumuua unayemrekodi. Na nyigu harudii tendo kwa sababu hukuwa tayari. Lazima uijue ratiba yake kabla hajaanza.

Katika The Elephant Queen ya mwaka 2018, iliyowachukua miaka minne ya kurekodi Kenya, wanamfuata Athena, tembo kiongozi wa familia yake. Lakini mara nyingi kamera imelala ukingoni mwa dimbwi, usawa wa macho ya chura. Ukiwa hapo chini, tembo ni nyayo zinazoshuka kutoka juu. Kwa chura kundi likija ni hatari. Kwa mbawakawa wanaoviringisha mavi ni karamu. Kuna hata samaki wadogo ambao mayai yao husafiri katika tope lililoganda kwenye ngozi ya tembo.

Wapo waliochagua njia nyingine. Kuanzia miaka ya 1980, Mmarekani Greg Marshall aliwafunga kasa, papa na sili kamera, akatuonyesha wanakokwenda tusikoweza kuwafuata. Hata hivyo, kamera ya mgongoni hurekodi chochote kinachopita mbele yake. Deeble na Stone wanatuonyesha mnyama anataka nini na nini kinamzuia, na hapo ndipo ulipo mtazamo wa mnyama huyo. Ukizitazama filamu zao, usiharakishe kumtafuta tembo. Angalia kwanza kamera imewekwa wapi, kisha jiulize ni nani anayetazama.