Mwulize Fundi Ufunguo Utabadilishwaje

Siku hizi programu ya simu ikiwa na rangi nzuri na vitufe vinavyoitika upesi, sifa zinamiminika. Anayeifungua ndani ni nani? Fundi huiingiza APK, yaani faili la programu ya Android, kwenye jadx, zana ya kurudisha msimbo usomeke, na chai haijapoa ameshauona ufunguo wa siri wa Daraja, API ya M-Pesa, umelala katikati ya msimbo, umegeuzwa kwa Base64. Base64 haifichi kitu. R8, zana ya Android ya kubana msimbo, nayo hubadili majina ya klasi na kuondoa msimbo usiotumika. Maandishi yaliyo ndani ya alama za nukuu huyaacha vilevile.

Mwaka 2014 watafiti wa Chuo Kikuu cha Columbia walipekua programu zaidi ya milioni 1 za Google Play, wakakuta maelfu ya funguo za siri. Ufunguo wa seva ukae kwenye seva, simu ipewe tokeni ya muda mfupi. Hilo halina mjadala.

Wasio na jicho huishia kuuliza ufunguo umefichwa wapi. Hawaulizi utabadilishwaje. Ukiwa ndani ya APK, kuubatilisha ni kuwakatia huduma wateja wote wenye toleo la zamani, na wapo ambao hawajasasisha programu tangu waipakue, kwa kubania bando. Basi mwizi anaachiwa. Kazi safi hubadilisha ufunguo kwenye seva kwa dakika chache, mteja asijue. Kufuta tu mstari wenye ufunguo kwenye msimbo ni ulaghai: historia ya Git bado inao.

Na anayejua mapema kwamba ufunguo umevuja ni kijana aliyeuvujisha. Akimwogopa mkuu wake, atanyamaza.

Tofauti ya kutangaza na kuficha iko wazi. Machi 2023 ufunguo wa RSA wa GitHub ulionekana hadharani kwa muda mfupi. Kampuni iliubadilisha na kutangaza, ingawa watumiaji wengi walikutana na onyo la kutisha. Kwa Uber, mwaka 2016, wadukuzi walipata funguo za AWS kwenye GitHub na kuchukua taarifa za watu milioni 57. Walilipwa dola 100,000 na habari ikafichwa hadi Novemba 2017. Mkuu wa usalama, Joe Sullivan, alitiwa hatiani 2022.

Zamani mkuu wa timu alisoma kila mstari kabla haujapokelewa. Wa leo husoma slaidi. Kabla ya kulipia programu, mteja amwambie fundi abadilishe ufunguo mmoja palepale, saa za kazi, wateja wakiwa hewani. Akiomba wiki mbili, mkataba usisainiwe.