Mlinzi wa Shinikizo la Damu

Katika upasuaji wa kujifungua, mama anapochomwa ganzi ya mgongoni, yaani dawa inayotiwa katika maji yanayouzunguka uti wa mgongo, neva zinazobana mishipa ya damu hulala pamoja na zile za maumivu, mishipa ikatanuka na shinikizo likaweza kuporomoka katika dakika chache, mtoto naye akapungukiwa damu ipitayo kwenye kondo la nyuma. Hapo mtaalamu wa usingizi anastahili heshima ambayo hupewa kwa nadra, kwa kuwa kazi yake ikifanyika vyema haionekani.

Ili kulipandisha shinikizo hilo, kwa miongo mingi alitegemea dawa ya efedrini, iliyotengwa kutoka kwenye mmea na Nagai Nagayoshi wa Japani mwaka 1885. Ilipobainika kwamba hupenya kondo na kuongeza asidi katika damu ya mtoto, fenilefrini, inayobana mishipa moja kwa moja, ikatangulizwa, ingawa nayo huweza kupunguza kasi ya moyo.

Ustadi huanza kabla ya sindano: ampuli ya fenilefrini ya miligramu 10 huzimuliwa hadi mililita 100, ili kila mililita ibebe mikrogramu 100 tu, na kosa la desimali moja ni hatari kubwa. Kisha mama huinamishwa kidogo kushoto, ili mji wa mimba usikandamize mshipa mkuu unaorudisha damu moyoni, na mtaalamu humwuliza anajisikiaje, maana kichefuchefu chaweza kutangaza hatari kabla ya mashine.