Kantor Kati ya Madawati

Tamthilia za ubwege mara nyingi husifiwa kwa maneno yake. "Darasa la Wafu" ya Tadeusz Kantor inastahili kusifiwa kwa mikono iliyoitengeneza. Ilianza kuoneshwa Novemba 1975 mjini Kraków, katika chumba cha Krzysztofory kilicho chini ya ardhi, chenye kuta na matao ya matofali. Mwaka uliofuata mwongozaji wa filamu Andrzej Wajda aliirekodi kwa ajili ya televisheni ya Poland, na rekodi hiyo ndiyo inayotuwezesha kuitazama polepole, tena na tena.

Wazee waliovaa nguo nyeusi wamebanana kwenye madawati ya mbao yaliyochakaa. Wananyoosha vidole kama wanafunzi wanaoomba ruhusa, kisha wanatoka kinyumenyume hadi gizani. Muziki wa walsi unapanda. Wanarudi, na kila mmoja amening'iniza mwilini sanamu ya mtoto mwenye sare ya shule. Watoto hao ni wao wenyewe, na wamekwisha kufa. Wanazunguka madawati, wanazunguka tena, na mzunguko huo unakuwa ibada ya mazishi isiyo na padri.

Kantor alikuwa mchoraji kabla ya yote. Katika ilani yake ya 1975 kuhusu tamthilia ya kifo, alidai kwamba uhai hujitokeza katika sanaa kupitia kitu kisicho na uhai. Tazama alivyolitimiza dai hilo: nyuso za waigizaji zimekauka, macho yamekodoka, hata unashindwa kwa nukta moja kujua yupi anapumua na yupi ametengenezwa. Mfagizi wa darasa hilo ndiye pia anayeosha maiti, kwa bidii ile ile ya kazi ya kila siku. Kitanda cha mtoto kinachoendeshwa kwa mashine kinabembea, na mipira ya mbao iliyo ndani inagongana kwa mlio mkavu.

Naye Kantor yumo jukwaani, mbele ya watazamaji wote, akiwa na suti yake nyeusi. Kwa ishara ya kidole anaupandisha muziki, kwa nyingine anaukata. Wajda alikuwa na busara ya kutomficha. Kamera inapita katikati ya madawati, mahali ambapo mtazamaji wa ukumbini hakufika, na inamkuta Kantor akimkazia mwigizaji macho, akiomba kasi zaidi. Vipande vichache vilivyopigwa nje, kwenye mwanga wa mchana, havina nguvu kama vile vya ndani. Wafu hawa walihitaji zile kuta za matofali.