Oili Ilibaki, Filta Zikabadilishwa: Mabasi ya Idaho na Hesabu ya Mwenye Lori

Maabara ya Taifa ya Idaho, huko Marekani, ipo mbali na mji, katikati ya nyika kavu yenye vumbi. Wafanyakazi wake hupelekwa kazini kwa mabasi makubwa ya dizeli na kurudishwa jioni. Mwanzoni mwa miaka ya 2000, Wizara ya Nishati ya Marekani iliyatumia mabasi hayo kutafuta jibu la swali ambalo kila mwenye lori amewahi kujiuliza akiangalia oili nyeusi ikimwagika kwenye karai: je, hii oili imekufa kweli, au ni chafu tu?

Tofauti ya maneno hayo mawili ndiyo mzizi wa jambo lote. Oili iliyokufa imeishiwa viungo vyake, yaani vile vinavyoua asidi, vinavyozuia kutu na vinavyoshikilia masizi yasigandamane. Hiyo haifufuliwi na filta yoyote. Oili chafu bado ina nguvu zake, ila imebeba chembe za chuma, mchanga, masizi na maji. Hiyo inaweza kusafishwa.

Jaribio lilichukua miaka 3 na magari 17. Mabasi yalikuwa 11, yakatembea maili 982,548, ambazo ni kama kilomita milioni 1.58. Yaliyobaki 6 yalikuwa Chevrolet Tahoe za petroli. Kila gari lilifungwa filta ya pili, filta ya pembeni, juu ya ile ya kawaida iliyotoka nayo kiwandani. Basi lilipofika sevisi, kila baada ya maili 12,000 (kama kilomita 19,300), filta zilibadilishwa na sampuli ya oili ikapelekwa kupimwa. Oili yenyewe iliachwa ndani, na ilimwagwa pale tu vipimo vilipodai hivyo. Sampuli zilifika 240, na kwa kawaida kila moja ilipimwa vitu 28: chuma na kromi kutoka kwenye vipuri vinavyosuguana, masizi, maji, maji ya rejeta, dizeli iliyovujia kwenye oili, na kiasi cha viungo kilichobaki.

Filta ya pembeni inahitaji kuelezwa, kwa sababu madukani kwetu wengi hawaitofautishi na ile kuu.

Fikiria chujio la chai. Likiwa na matundu mapana, chai inapita upesi na majani nayo yanapita. Likiwa na matundu madogo mno, au likijaa majani, chai inafurika na kumwagika pembeni mwa chujio, na unayakuta majani kikombeni vilevile. Filta kuu ya injini ina shida hiyohiyo. Oili yote inayosukumwa na pampu lazima ipite pale kabla ya kufika kwenye beringi za krenki na kwenye tabo, na haiwezi kusubiri. Kwa hiyo matundu yake hayawezi kuwa madogo kupita kiasi. Tena watengenezaji wameweka vali ya dharura: filta ikiziba, au oili ikiwa nzito kwa baridi, vali inafunguka na oili inapita bila kuchujwa. Afadhali injini inywe oili chafu kuliko ikose oili kabisa. Vali hii ipo ndani ya filta yenyewe au kwenye kitako chake, kutegemea injini.

Filta ya pembeni haina haraka hiyo. Inachota sehemu ndogo tu ya oili, inaipitisha polepole kwenye kichujio kinene chenye matundu madogo sana, kisha inairudisha kwenye sampu. Haisafishi oili yote kwa mara moja, lakini lori likitembea siku nzima oili yote itakuwa imepita huko mara nyingi. Volvo D13, injini inayoonekana sana katika barabara zetu, inatoka kiwandani ikiwa na filta kuu 2 na ya pembeni 1. Scania wanatumia ujanja mwingine: karibu na filta kuna kopo linalozungushwa kwa kasi na oili yenyewe, uchafu unarushwa ukutani na kuganda kama ugali mweusi. Nimewahi kukuta fundi anayebadilisha filta kwa uaminifu kila sevisi, lakini kopo lile hajawahi kulifungua tangu lori liingie nchini. Ndani lilikuwa limejaa hadi halizunguki.

Sasa matokeo. Watafiti wa Idaho walikadiria kwamba kwa mabasi, gharama ya mfumo wa filta ya pembeni inarudi kati ya maili 72,000 na 144,000, yaani kilomita 116,000 hadi 232,000. Zile gari za petroli zilirudisha gharama kati ya maili 66,000 na 69,000.

Tazama upana wa makadirio ya mabasi. Mwisho mmoja ni mara 2 ya mwingine! Ripoti inakiri kwamba jibu linategemea unavyopiga hesabu, na mimi naiamini zaidi kwa sababu hiyo. Muuzaji atakutajia namba moja. Aliyepima atakwambia inategemea bei ya oili, mshahara wa fundi, bei ya filta ya pembeni ambayo nayo inabadilishwa, na kama unalipia vipimo vya maabara.

Ihamishie hesabu hiyo kwenye barabara ya Dar es Salaam hadi Tunduma. Kwenda na kurudi ni kama kilomita 1,900. Kilomita 116,000 ni safari kama 60. Lori linalofanya safari 3 kwa mwezi litahitaji miezi 20 kabla mfumo haujaanza kulipa, na hiyo ni kwa makadirio ya upande mzuri. Mwenye malori 30 anayeyatunza miaka 8 anaweza kuingia. Mwenye lori 1 la mkopo, linaloweza kuuzwa mwakani, asijisumbue na mfumo mpya. Fedha yake itafanya kazi zaidi kwenye filta kuu iliyo bora, na hilo ndilo soko ambamo wengi wetu tunapotea.

Mwaka 1988 mtafiti wa General Motors, D. R. Staley, alichapisha jaribio ambalo hadi leo linatajwa na kila mwenye kuandika juu ya filta. Alichukua injini ya dizeli na injini ya petroli, akaweka filta za viwango mbalimbali, akatia vumbi la majaribio kwenye oili kwa makusudi, kisha akapima vipuri vilivyolika. Akilinganisha na filta ya mikroni 40, filta ya mikroni 30 ilipunguza kulika kwa nusu. Ya mikroni 15 ilipunguza kwa asilimia 70.

Mikroni 1 ni sehemu ya elfu ya milimita, na unywele wa mtu una unene wa mikroni 70 hivi. Kwa nini vitu visivyoonekana kwa macho vinakula chuma? Kwa sababu utando wa oili unaotenganisha krenki na beringi yake, au ringi na silinda, una unene wa mikroni chache tu injini ikifanya kazi. Chembe kubwa sana haipenyi pale, na chembe ndogo sana inapita bila kugusa kuta. Inayosaga ni ile inayolingana na nafasi yenyewe, kama punje iliyoenea kati ya mawe ya kusagia.

Naongeza tahadhari: Staley aliharakisha mambo. Vumbi alilotia ni jingi kuliko linaloingia kwenye injini nzima yenye filta ya hewa iliyokaa vizuri. Kwa hiyo asilimia 70 yake usiipeleke kwenye daftari lako la mapato. Mwelekeo ndio wa kuamini. Na hapo hapo kuna somo la kando: mchanga mwingi unaokutwa kwenye oili uliingia kwa njia ya hewa. Bomba la hewa lililopasuka baada ya filta ya hewa litaishinda filta yoyote ya oili utakayonunua.

Basi dukani uulize nini? Wengi wanauliza mikroni peke yake, na hapo ndipo wanapopigwa. Namba ya mikroni bila asilimia haina maana. Kuna kipimo cha kimataifa, ISO 4548-12, ambamo filta ya oili inapitishiwa oili yenye vumbi maalumu mara nyingi na chembe zinahesabiwa kabla na baada. Jibu mara nyingi huandikwa kwa herufi ya Kigiriki beta. Beta 2 kwa mikroni 20 maana yake kati ya chembe 2 za ukubwa huo na zaidi zinazofika, 1 inapita. Umezuia asilimia 50. Beta 75 inapitisha 1 katika 75, yaani inazuia asilimia 98.7. Beta 200 ni asilimia 99.5. Filta zote hizo zinaweza kuandikwa “mikroni 20” kwenye boksi, na mwenye kuandika hajasema uongo. Lakini ya kwanza inapitisha uchafu zaidi ya mara 37 kuliko ya pili.

Tofauti hiyo inatoka kwenye kilichomo ndani. Karatasi ya kawaida imetengenezwa kwa nyuzi za mti, nene na zisizolingana, na hunyonya maji ikavimba. Filta ya bei ya juu huwa na nyuzi za kioo au mchanganyiko wake, nyembamba na zinazolingana, hivyo inazuia chembe ndogo bila kubana njia na inabeba uchafu mwingi kabla haijaziba. Sisemi karatasi haifai. Kwa lori linalofanyiwa sevisi mapema, karatasi nzuri inatosha. Kosa ni kununua karatasi ya sevisi fupi na kuirefusha kilomita mara mbili, kwa sababu ikishaziba, vali inafunguka na unaendesha bila filta huku geji haikwambii kitu.

Nilipata filta moja mwenyewe, yenye boksi la kuvutia na stika ya kung'aa. Baada ya sevisi niliikata kwa msumeno. Mikunjo ya karatasi ilikuwa michache, gundi ilikuwa imeachia upande mmoja, na oili ilikuwa ikizunguka karatasi badala ya kuipita. Karatasi yenyewe ilikuwa safi kuliko inavyostahili, na hiyo ndiyo habari mbaya. Filta iliyofanya kazi lazima iwe chafu.

Na moshi je? Hapa wauzaji huahidi kupita kiasi. Kilichopimwa Idaho ni oili, si moshi wa eksozi. Filta ya oili haichomi dizeli vizuri zaidi. Lori linalotoa moshi mweusi kwenye mlima wa Kitonga, anza na nozeli, filta ya hewa na tabo. Njia ya filta ya oili kufika kwenye moshi ni ndefu: ringi na silinda zisipolika, mgandamizo unabaki, oili haipandi kuungua juu ya pistoni, moshi wa bluu hauonekani, na injini haianzi “kupumua” kwenye kifuniko cha oili. Ni faida ya mwaka wa tano, si ya wiki ijayo.

Ukubwa wake unaweza kukadiriwa. Lita 1 ya dizeli ikiungua inatoa karibu kilo 2.7 za kaboni dayoksaidi. Tuseme lori linakula lita 40 kwa kilomita 100: safari ya Tunduma kwenda na kurudi ni lita 760, zaidi ya tani 2 za gesi hiyo. Injini iliyochoka ikiongeza ulaji kwa lita 1 tu kila kilomita 100, ni lita 19 na kilo 51 kila safari. Filta haiwezi kudai zote hizo, lakini inadai sehemu yake.

Kwa malori ya Ulaya yaliyotengenezwa kwa kiwango cha Euro VI, jambo ni zito zaidi. Eksozi yake ina kichujio cha masizi. Masizi yanachomwa humo humo, lakini majivu ya oili iliyoungua hayachomeki. Yanabaki na kukiziba, na kukisafisha au kukibadilisha ni fedha ya kulia.

Upande mwingine wa uchafuzi hatuuzungumzii kabisa: oili inayomwagwa. Injini ya lori kubwa inabeba lita 30 hadi 40, na gereji nyingi huimwaga ardhini au huiuza ipakwe kwenye nguzo dhidi ya mchwa. Shirika la mazingira la Marekani, EPA, linasema galoni 1 ya oili chafu inaweza kuharibu galoni milioni 1 za maji safi. Kila sevisi ambayo oili imesafishwa badala ya kumwagwa ni lita 30 au zaidi ambazo hazikufika mtoni. Mimi naona huu ndio ushindi wa wazi zaidi wa Idaho.

Lakini usirefushe muda wa oili kwa kukisia. Nchi za Afrika Mashariki zilihamia dizeli ya salfa isiyozidi sehemu 50 kwa milioni mwaka 2015, na hilo limesaidia sana kwa sababu salfa ndiyo inayozaa asidi ndani ya oili. Lori likivuka mpaka na kujaza kusikojulikana, hesabu inabadilika. Idaho walithubutu kuacha oili ndani kwa sababu walipima kila mara. Baadhi ya kampuni za oili na mawakala wa mitambo ya ujenzi hapa kwetu wanapima sampuli. Ukiwa na malori mengi, gharama hiyo ni ndogo kuliko oili ya sevisi moja.

Asiye na maabara ana msumeno. Sevisi ijayo, kabla hujatupa filta, itoboe, igeuze, iache idondoke oili usiku kucha, kisha ikate. Tandaza karatasi juani. Ikiwa ina vipande vinavyong'aa, mwite fundi wa injini. Ikiwa nyeupe, badilisha duka.