Kishindo Kilichopotea: Maji, Mwili na Sauti katika Soul Boy

Filamu ya Soul Boy (2010), iliyoongozwa na Hawa Essuman kwa muswada wa Billy Kahora, ilipigiwa Kibera, na lugha yake kuu ni Kiswahili cha mtaani. Ni kazi ya muda wa saa moja hivi, iliyolelewa na Mjerumani Tom Tykwer. Kijana Abila amkuta babake hajiwezi, akidai kuwa roho yake imeibwa. Kijana amwendea Nyawawa, naye ampa majukumu saba ya kuikomboa.

Uzito wote umo katika jina hilo. Kwa Wajaluo wa kandokando ya Ziwa Victoria, nyawawa si mmoja. Ni kundi la pepo wapitao usiku na upepo wa ziwani, wasioonekana bali husikika. Hufukuzwa kwa kugonga masufuria, madebe na mabati, nyumba hadi nyumba, ili wasitue popote. Huo ni muziki usio na mtunzi, na wapigaji wake ni kijiji kizima.

Katika filamu, pepo hao wamekuwa mwanamke mmoja, nusu mtu nusu ng'ombe. Mtazamaji wa Mombasa hatakosa kumkumbuka jini wa masimulizi ya Pwani, yule mwanamke mzuri mwenye kwato. Hivyo ziwa na bahari vimekutana katika mwili mmoja, mbali na maji yote mawili. Mkutano huo unaifaa Kibera, ambako, kama Kawangware, makabila hupakana ukuta kwa ukuta. Shiku, rafiki wa Abila, ni Mkikuyu, na hilo si jambo dogo katika filamu iliyotoka miaka miwili tu baada ya ghasia za uchaguzi wa Desemba 2007.

Hata hivyo, kubadili umbo ni kubadili dhamira. Pepo asiye na mwili hushindwa na kishindo cha wengi. Mwenye mwili hutafutiwa shujaa. Ukombozi umewekwa mikononi mwa Abila, hata akisaidiwa na Shiku, na kazi ya jamii imekuwa majaribu saba ya mtu mmoja, kama ilivyo katika ngano nyingi za ughaibuni. Hasara hii ni kubwa katika mtaa wa mabati, ambao wenyewe ni ngoma tayari.

Penye neno roho filamu imebahatika zaidi. Kidholuo husema chuny, nalo ni ini pia. Roho ya Kiswahili cha Pwani ni koo vilevile. Kwa hiyo baba anayelala akidai kuibiwa roho hasemi fumbo: ameibiwa kiungo.